Daftari la Mwalimu Sontonga

Watoto wa Mbinga, Liuli na Mbamba Bay huimba wimbo wa taifa katika viwanja vya shule zao. Sauti ya wimbo huo ilitungwa mbali na Ziwa Nyasa, na mwalimu wa misheni, jina lake Enoch Sontonga.

Sontonga alizaliwa Uitenhage, Afrika ya Kusini, yapata mwaka 1873. Alisomea ualimu Lovedale, kisha akafundisha shule ya Wamethodisti karibu na Johannesburg, akiongoza na kwaya. Nyimbo alizowatungia wanafunzi wake aliziandika kwa mkono, kwa herufi za do-re-mi, katika daftari moja. Ule ulio mkuu aliutunga mwaka 1897.

Mwaka 1905 akafa, umri wake ungali mdogo, akamwacha mjane, Diana, na mtoto wa kiume. Daftari likawa urithi wa nyumba. Walimu wa kwaya wakaja kuliazima, wala hawakunyimwa. Tena husimuliwa kwamba mjane aliuza haki ya wimbo ule kwa nusu shilingi, bei ndogo mno. Hatimaye daftari likafika mikononi mwa jamaa mmoja, likapotea, na nyimbo nyingi pamoja nalo.

Lakini wimbo mkuu ulikuwa umekwisha kutoka nyumbani. Mwaka 1899 uliimbwa katika ibada ya kumwekea mikono mchungaji. Mwaka 1912 uliimbwa katika mkutano mkubwa wa Waafrika huko Bloemfontein. Na mwaka 1923 Solomon Plaatje aliuimba London, ukatiwa katika sahani ya santuri. Mwaka 1961 Tanganyika iliutwaa, kwa maneno ya Kiswahili.

Hata kaburi la Sontonga lilisahauliwa miaka mingi. Lilipotambuliwa, Rais Nelson Mandela alizindua ukumbusho wake mwaka 1996. Daftari halikuonekana.