Musidora, mwizi wa nguo nyeusi

Wasomaji wetu, wale wanaopenda sinema ya wezi na polisi wasikie leo maisha ya mwanamke mmoja wa Ufaransa aliyecheza mwizi wakati sinema ilikuwa ingali bubu.

Jina lake la kweli ni Jeanne Roques. Alizaliwa ku Paris tarehe 23 Februari 1889. Baba alitunga muziki, mama alitetea haki za wanawake, basi katika ile nyumba binti alijua mapema kama na yeye ana neno la kusema. Jina la Musidora alilitoa ndani ya kitabu cha Théophile Gautier, akaingia nalo katika tiatre.

Mwaka wa 1915 wanaume wengi walikuwa vitani. Bwana Louis Feuillade wa kampuni ya Gaumont akamuita acheze katika filme ya sehemu 10, Les Vampires. Alikuwa Irma Vep (geuzageuza zile herufi, utapata vampire), mwanamke mwizi aliyevaa nguo nyeusi ya kubana toka kichwa mpaka miguu, anapanda juu ya mapaa usiku. Polisi wa Paris walikataza ile filme kwa muda, juu walisema inawapamba wezi. Watu walizidi kuipenda.

Wengine wangetosheka hapo. Lakini mchezaji anaambiwa tu: simama hapa, lia, anguka. Anayeandika hadithi njo anasema nani ataanguka. Musidora alitaka kalamu. Rafiki yake Colette, mwandishi mkubwa, alimuandikia hadithi ya La Flamme cachée, 1918. Kisha yeye mwenyewe akaandika, akaongoza, akacheza, akaanzisha na kampuni yake. Mwaka wa 1921 akatoa Pour Don Carlos. Sisi watu wa kazi tunaelewa: anayetumikia mwingine, mwisho wa mwezi anapokea mshahara wake, mwenye kampuni, mambo yakianguka, yeye njo analia. Filme zake hazikuleta feza kama zile za Feuillade.

Hakurudi nyuma. Alienda Hispania, akafanya Sol y sombra mwaka wa 1922, kisha La tierra de los toros mwaka wa 1924, kati ya mafahali ya kweli, pamoja na Antonio Cañero, bwana aliyepigana nayo juu ya farasi. Kwetu sisi, ule ushujaa unapita ule wa mapaa.

Mwaka wa 1927 akaolewa na munganga, akazaa mtoto mwanaume, akaandika vitabu. Ile ndoa ilivunjika mwaka wa 1944.

Akapata kazi ku Cinémathèque française kwa Bwana Henri Langlois, fasi wanachunga filme za zamani. Alikusanya habari za wale waliofanya sinema ya kwanza. Siku zingine aliketi kwenye dirisha la tiketi. Watu walilipa, hata kumuangalia hapana, wakaingia ndani kumtazama Irma Vep akikimbia juu ya mapaa. Alikufa ku Paris tarehe 11 Desemba 1957, akiwa na miaka 68.