Jan Amos Komenský: askofu mkimbizi ambaye vitabu vyake vilichomwa

Waumini wa Kanisa la Moravian wa Mbeya, Rungwe na Tabora wanalijua vizuri jina la Jan Hus, padri wa Prague aliyechomwa moto mwaka 1415. Wanaomjua Jan Amos Komenský ni wachache, na wengi wao ni walimu waliokutana naye chuoni kwa jina lake la Kilatini, Comenius, katika somo la mbinu za kufundishia. Vitabu vya ualimu vinaeleza nusu tu ya habari zake. Mtu huyu alikuwa mchungaji, baadaye askofu, na mwandishi wa lugha ya Kicheki wakati ambapo kukutwa na kitabu cha imani yake kulikuwa hatari.

Alizaliwa Machi 28, 1592 katika Moravia, kwenye familia ya Umoja wa Ndugu, kanisa dogo lililotokana na wafuasi wa Hus. Angali mtoto alifiwa na baba, mama na dada zake wawili, akalelewa na shangazi. Shule ya Kilatini aliingia akiwa na miaka kumi na sita, na alichokikuta humo hakukisahau: watoto wakikaririshwa maneno wasiyoyaelewa, huku fimbo ikimalizia kazi iliyomshinda mwalimu.

Alisoma Ujerumani, akabarikiwa kuwa mchungaji mwaka 1616, na miaka miwili baadaye akapewa usharika wa Fulnek pamoja na shule yake. Akamwoa Magdalena. Nyumba, mke, vitabu, watoto wa kufundisha: yote hayo aliyafaidi kwa miaka mitatu tu.

Novemba 8, 1620 jeshi la Kaisari wa nasaba ya Habsburg liliwashinda wakuu wa Kicheki kwenye Mlima Mweupe, nje kidogo ya Prague. Juni mwaka uliofuata, viongozi 27 waliuawa hadharani katika uwanja wa jiji hilo. Askari wakaufikia Fulnek na kuupora. Wachungaji wa Umoja wa Ndugu wakaanza kusakwa, naye Komenský akajificha. Akiwa mafichoni, mwaka 1622, tauni ilimchukua Magdalena na watoto wao wawili. Mwaka 1623 vitabu alivyoviacha Fulnek vilichomwa moto.

Mwenyeji wake mafichoni alikuwa bwana mmoja mkubwa wa Moravia, Karel wa Žerotín, aliyewahifadhi wachungaji kadhaa katika mashamba yake. Huko Komenský, mjane wa miaka 31, aliandika kwa Kicheki kitabu ambacho Wacheki mpaka leo wanakihesabu miongoni mwa hazina za lugha yao: Labirinti ya Dunia na Paradiso ya Moyo.

Kisa chake ni hiki. Kijana msafiri anataka kuijua dunia kabla ya kuchagua kazi ya kufanya. Anapewa viongozi wawili wa kumtembeza. Mmoja anajifanya ameona kila kitu, mwingine ni Udanganyifu. Wanamvisha miwani ambayo vioo vyake ni dhana za watu na fremu yake ni mazoea, ili kibaya akione kizuri na kidogo akione kikubwa. Lakini miwani haikumkaa sawasawa. Ilipinda kidogo puani, na kwa chini ikabaki nafasi ya kuchungulia. Basi kijana anapita mtaa hadi mtaa wa jiji hilo, kwa wanandoa, wafanyabiashara, wasomi, mahakimu, askari, hata viongozi wa dini (hawa hakuwaacha!), na kwa ile nafasi ya chini ya miwani anawaona jinsi walivyo. Mwishoni anaikimbia dunia hiyo kwa hofu, na ndipo anasikia sauti ikimwita arudi alikotoka, nyumbani, ndani ya moyo wake. Anaingia, anafunga mlango, na Kristo anamjia humo.

Sijui wasomaji wangapi wa magazeti siku hizi hawajavaa miwani ya aina hiyo. Komenský mwenyewe, tutaona, alikuja kuivaa.

Sheria ya mwaka 1627 iliwapa wasio Wakatoliki wa Bohemia njia mbili: kubadili dini au kuhama, na Moravia ikafuata. Tuseme ukweli kwamba karne ile karibu kila mwenye upanga, wa madhehebu yoyote, aliona ni haki kuutumia kwa jina la Mungu. Februari 1628 Komenský alivuka milima yenye theluji kuelekea Leszno, Poland, akiwa na mke wa pili na kundi la wakimbizi. Inasimuliwa kwamba mpakani alipiga magoti na kumwomba Mungu aiache mbegu katika nchi ile. Hakurudi tena.

Leszno alipewa kufundisha, na alifundisha kama mtu aliyesubiri miaka ishirini kupata nafasi hiyo. Kitabu chake cha Kilatini cha mwaka 1631 kilitafsiriwa kwa lugha nyingi. Alidai shule kwa watoto wote, wa kike na wa kiume, maskini na matajiri. Tena akaleta michezo ya kuigiza, jambo ambalo baadhi ya watu wa kanisa walilitazama kwa shaka. Mwaka 1641 wanafunzi wa Leszno waliigiza mchezo wake juu ya Ibrahimu. Hebu fikiri: ukumbini wameketi watu waliofukuzwa makwao, na jukwaani watoto wanaonyesha mzee anayeambiwa aiache nchi yake na nyumba ya baba yake.

Mwaka 1650 aliitwa Sárospatak, Hungary, kuifufua shule ya huko. Alikuta walimu wasiotaka mabadiliko. Akachukua masomo ya kitabu chake na kuyageuza kuwa michezo minane. Wanafunzi wakapanda jukwaani kuonyesha viumbe, viungo vya mwili, kazi za mafundi, maisha ya nyumba na ya mji, huku mfalme Ptolemy na wenye hekima wake wakisikiliza. Watoto waliokuwa wakisinzia darasani walisimama mbele ya wazazi wao na kunena Kilatini bila woga.

Wakati huohuo kanisa lake lilikuwa likifa. Amani ya Westphalia ya mwaka 1648 ilivimaliza vita vya miaka thelathini, lakini nchi ya Wacheki iliachwa mikononi mwa Habsburg, na wakimbizi hawakupewa njia ya kurudi. Komenský, aliyekuwa sasa askofu kiongozi, aliandika mwaka 1650 wosia wa Umoja wa Ndugu, akilisemesha kanisa kama mama anayekata roho na kuwagawia wanawe urithi.

Hapo ndipo miwani ilipomkaa. Kwa kiu ya kurudi nyumbani aliamini unabii wa Mikuláš Drabík, aliyetabiri kwamba Habsburg wataanguka, akauchapisha. Habsburg hawakuanguka. Akamsifu pia kwa maandishi mfalme wa Sweden aliyeivamia Poland, nchi iliyompa hifadhi. Aprili 1656 Leszno ilichomwa moto. Nyumba na vitabu viliteketea, na pamoja navyo kamusi kubwa ya Kicheki aliyoifanyia kazi zaidi ya miaka arobaini. Aliianza akiwa mwanafunzi. Sasa alikuwa na miaka 64. Katika hasara zake zote za maandishi, hii ndiyo aliyoililia mpaka kufa.

Alipokelewa Amsterdam na familia ya De Geer. Mwaka 1658 kilitoka kitabu chake cha picha kwa watoto, kila picha na maneno yake, na vizazi vya watoto wa Ulaya vilijifunzia kusoma humo. Alifariki Novemba 15, 1670, akazikwa Naarden. Mswada wake mkubwa kuhusu kutengenezwa upya kwa mambo yote ya wanadamu ulipotea, ukaja kuonekana miaka ya 1930 katika kituo cha yatima cha Halle, Ujerumani.

Huko Moravia, familia kadhaa ziliendelea kuficha vitabu na kuimba kwa sauti ya chini. Mwaka 1722 baadhi yao walivuka mpaka na kujenga kijiji cha Herrnhut, Ujerumani. Walipohitaji askofu, mwaka 1735, aliyemwekea mikono seremala David Nitschmann alikuwa Daniel Ernst Jablonski, mtoto wa binti yake Komenský. Wamisionari wa Herrnhut walifika Rungwe mwaka 1891, wakaanza kwa kujenga nyumba, na baada yake shule.