GUNPEI YOKOI: FUNDI WA KIWANDA CHA KARATA ALIYETIA MCHEZO MFUKONI

Aghalabu watu huujua mchezo wasimjue aliyeuzua. Bao limechezwa barazani kwetu tangu enzi na enzi, na hakuna awezaye kumtaja fundi aliyechonga mashimo yake ya kwanza. Karata na dhumna ni hivyo hivyo. Lakini ule mchezo mdogo wa kushika mkononi, wenye kioo cha rangi ya majivu na vifungo vya kubonyeza kwa dole gumba, una mwenyewe ajulikanaye kwa jina, kwa mji aliozaliwa na kwa ajali iliyomwondoa duniani. Huyo ni Gunpei Yokoi, Mjapani wa mji wa Kyoto, aliyefariki mwaka 1997.

Kwa mzazi anayegombana na mwanawe kila jioni kwa sababu ya michezo ya simu, huenda jina hilo lisiwe na utamu. Hata hivyo maisha ya fundi huyu yafaa kusimuliwa. Hakuwa tajiri wala mwanasayansi mkubwa, na sifa yake yote aliipata kwa kutumia vitu ambavyo wenzake walikuwa wameshaviona vimepitwa na wakati. Kwetu sisi tunaoishi kwa kutengeneza na kutengeneza tena, habari yake si ya mbali.

MWAJIRIWA ASIYE NA KAZI NYINGI

Yokoi alizaliwa tarehe 10 Septemba, 1941, Japani ikiwa miezi michache tu kabla ya kuingia vitani na Marekani. Alisomea mambo ya umeme katika Chuo Kikuu cha Doshisha, hapo hapo Kyoto, na mwaka 1965 akaajiriwa na kampuni ya Nintendo.

Siku hizo jina la Nintendo halikuwa na uhusiano wowote na video. Kampuni hiyo ilianzishwa mwaka 1889 na Fusajiro Yamauchi, naye alikuwa mtengenezaji wa karata za Kijapani zenye picha za maua, ziitwazo hanafuda. Karata hizo zilipendwa majumbani, lakini wanunuzi wake wakubwa walikuwa wacheza kamari, ambao hawakukubali kuanza mchezo mpya ila kwa karata mpya. Msomaji Mwislamu hahitaji kuelezwa hukumu ya kamari. La kuangaliwa ni kwamba kijana huyu, aliyeingia kwa mlango wa kiwanda cha karata, ndiye aliyeisaidia sana kampuni kupata riziki yake mahali pengine.

Kazi yake ilikuwa kutunza mitambo ya kutengenezea karata. Mitambo ilipokuwa mizima, fundi alikaa bure. Basi ili kupitisha wakati akajitengenezea mkono wa mbao wenye vipande vilivyoungana kama mikasi mingi iliyofuatana: ukivuta mpini, mkono unarefuka na kushika kitu cha mbali. Siku moja mwaka 1966 mkuu wa kampuni, Hiroshi Yamauchi, kitukuu wa mwanzilishi, akapita kiwandani na kumkuta akiuchezea. Yokoi alidhani kazi imekwisha. Badala ya kufukuzwa akaamriwa aufanye mkono ule kuwa bidhaa ya kuuzwa. Ukaitwa Ultra Hand, na ikauzwa zaidi ya milioni moja.

Tangu hapo akaacha kutunza mitambo, akawa mbuni wa vitu vya kuchezea. Alitengeneza mashine ya kurusha mipira ndani ya nyumba, na mwaka 1969 akatoa kipimo cha mapenzi, chombo ambacho watu wawili hushikana mikono na sindano ikaonyesha kiasi cha mahaba yao. Kwa kweli kilichopimwa ni umeme mdogo tu upitao katika viganja, na kiganja chenye jasho huupitisha vizuri zaidi.

Kisha zikaja bunduki za mwanga. Pamoja na Masayuki Uemura, aliyekuwa mtu wa kampuni ya Sharp, Yokoi alichukua vile vijisahani vinavyogeuza mwanga wa jua kuwa umeme na kuvifanya shabaha. Mwaka 1973 Nintendo ikapeleka mchezo huo katika kumbi kubwa za burudani. Mwaka huo huo vita vya Waarabu na Waisraeli vikazuka, mafuta yakapanda bei dunia nzima, uchumi wa Japani ukayumba, na wateja wakafuta maagizo yao. Kampuni ikabaki na deni zito.

ABIRIA MWENYE MASHINE YA HESABU

Fikira iliyomletea Yokoi sifa ya dunia aliipata safarini. Akiwa ndani ya treni ya kasi alimwona abiria mmoja, mtu mzima wa kazi za ofisini, akibofyabofya mashine yake ndogo ya hesabu bila ya kuhesabu chochote, ili mradi njia ipungue. Yokoi akajiuliza kwa nini mtu mzima asiwe na mchezo mdogo wa kuficha viganjani, asionekane mtoto mbele za watu.

Siku moja dereva wa Bwana Yamauchi akawa mgonjwa, na Yokoi ndiye aliyeendesha gari la mkubwa wake kwenda mkutanoni. Njiani akamweleza wazo lake. Yamauchi hakuonyesha kulijali sana. Lakini huko mkutanoni akakutana na mkuu wa Sharp, na baada ya siku chache watu wa Sharp wakabisha hodi Nintendo. Walikuwa na sababu. Kwa miaka kadhaa Sharp na Casio zilishindana kuuza mashine za hesabu, bei zikashuka sana, na vioo na chipu zake zikawa rahisi na tele. Waliokuwa na mali ghalani walihitaji mtu wa kuipatia kazi mpya.

Hivyo mwaka 1980 ikatoka Game & Watch, mchezo wenye saa. Kioo chake hakikuweza kuchora picha yoyote itakiwayo. Kila umbo lilikuwa limeshachorwa mahali pake, na umeme ulipofika likawa jeusi, ulipoondoka likatoweka. Mtu arushaye mipira alionekana akienda, kumbe ni picha nyingi zinazopokezana. Betri zake zilikuwa ndogo kama kifungo cha shati. Hadi mwaka 1991 aina zipatazo 60 za michezo hiyo zilitolewa, na zaidi ya milioni 43 ziliuzwa duniani. Deni la kampuni likalipika.

Mwaka 1982, katika mchezo mmojawapo uitwao Donkey Kong, Yokoi alikabiliwa na tatizo dogo. Mchezaji alitaka kwenda juu, chini, kulia na kushoto, lakini usukani wa kijiti usingekaa mfukoni. Akatengeneza kitufe kimoja bapa chenye pembe nne, kinachoyumba chini ya dole gumba, ili kidole kijue njia bila ya jicho kutazama. Kitufe hicho, pamoja na mifano yake, kimeenea katika mashine za michezo kila pembe ya dunia.

Wakati huo huo alikuwa mlezi wa wengine. Mashine zaidi ya elfu mbili za mchezo mmoja wa Nintendo zilipokosa wanunuzi Marekani, kijana mchoraji aitwaye Shigeru Miyamoto alipewa kazi ya kubuni mchezo mpya wa kuzitia humo, na Yokoi akawekwa amsimamie. Matokeo yake, mwaka 1981, yalikuwa Donkey Kong ya kwanza, alimotokea seremala mwenye masharubu ambaye baadaye aliitwa Mario. Miyamoto amekuwa mashuhuri kuliko mwalimu wake. Idara ya Yokoi nayo ikaendelea kutoa michezo, ikiwamo Metroid ya mwaka 1986, ambayo shujaa wake aliyevaa deraya mwishoni hufunuliwa kuwa mwanamke.

YA KALE NI DHAHABU

Yokoi alikuwa na kanuni aliyoifuata maisha yake yote. Usikimbilie ufundi mpya, ambao ni ghali na haujajulikana maradhi yake. Chukua ufundi uliokomaa, ambao kila mtu anaujua na bei yake imeshuka, halafu utafutie matumizi ambayo hakuna aliyeyafikiri.

Hapa Nairobi mfano wa kanuni hiyo hauhitaji kutafutwa Kyoto. Mtu ashukaye Adams Arcade katika Barabara ya Ngong, akatembea upande wa Woodley, hachelewi kulifikia soko la Toi. Humo shati lililochosha wenyewe Ulaya hupunguzwa mikono na kiuno, likatoka jipya. Mwenye kuuza hapo hajui lolote juu ya Yokoi, lakini hesabu yao ni moja: kitu hakizeeki kwa kuwa mwingine amekichoka, huzeeka mtu akikosa la kukifanyia.

Kanuni hiyo ilitiwa mtihanini mwaka 1989, Yokoi na wenzake walipotoa Game Boy. Si wote waliokubaliana naye. Msaidizi wake, Satoru Okada, alitaka chombo chenye nguvu zaidi, na hoja zake nyingine zilisaidia kukifanya kiwe bora. Lakini katika kioo Yokoi alishikilia msimamo wake. Kilikuwa cha rangi ya kijani kilichofifia, hakina taa ndani yake, na picha zake zilikuwa na vivuli vinne tu. Washindani wao, Atari na Sega, walitoa mashine zenye rangi na mwanga. Wenye maduka na waandishi wa magazeti wakaicheka ile ya Yokoi.

Kicheko kilikoma betri zilipoanza kwisha. Mashine za rangi zilikula betri sita kwa saa chache. Game Boy ilitumia betri nne na kudumu zaidi ya saa kumi. Ilikuwa nyepesi, ya bei nafuu, na ngumu. Moja iliyoungua katika shambulio la mabomu wakati wa Vita vya Ghuba ya mwaka 1991 iliendelea kufanya kazi, na kwa miaka mingi iliwekwa katika duka la Nintendo mjini New York watu waione. Huko Marekani iliuzwa pamoja na Tetris, mchezo wa kupanga matofali uliobuniwa Moscow mwaka 1984 na Alexey Pajitnov, mchezo usiohitaji rangi wala lugha. Game Boy, ukihesabu pamoja na zile za rangi zilizotoka mwaka 1998, ziliuzwa zaidi ya milioni 118.

Ndugu msomaji anayekumbuka vile vimichezo vya matofali vya bei rahisi kutoka China, vilivyoenea hata madukani kwetu, ataona kwamba navyo vilipita njia ile ile: kioo hafifu, betri kidogo, na mtu haachi kucheza.

KUTELEZA

Mwaka 1995 bahati ikageuka. Yokoi alitoa Virtual Boy, chombo cha kuchungulia kwa macho mawili ili picha ionekane kuwa na kina. Safari hii alikuwa ameshika ufundi mgeni, na uchumi wake ukamponza. Taa nyekundu ndizo zilizokuwa rahisi na zisizokula umeme mwingi, kwa hiyo dunia yote ndani ya chombo ilikuwa nyekundu juu ya weusi. Mchezaji aliinama mbele ya meza, shingo ikauma, macho yakachoka. Kampuni nayo ilikuwa na haraka ya kukitoa, kwa kuwa nguvu zake nyingi zilikuwa katika mashine nyingine kubwa. Hata milioni moja hazikuuzwa, na mwaka ulipotimia biashara yake ilikuwa imekwisha.

Mwezi Agosti, 1996, baada ya miaka 31, Yokoi aliondoka Nintendo. Wengi walisema ameondolewa kwa aibu. Mwenyewe alikanusha, akaeleza kuwa alikuwa na nia ya siku nyingi ya kujitegemea. Ukweli mmoja hauna ubishi: kabla ya kutoka alihakikisha Game Boy ndogo zaidi, ya kuingia mfukoni barabara, imekamilika na kuuzwa. Mtu aliyevunjika moyo asingejisumbua.

Akafungua kampuni yake, Koto, na kuanza kuisaidia kampuni ya Bandai kubuni mashine mpya ya mkononi. Hakuiona ikitoka. Tarehe 4 Oktoba, 1997, katika barabara kuu ya Hokuriku, mkoa wa Ishikawa, gari alilokuwamo liligongana na jingine. Aliteremka kutazama hasara iliyotokea, na gari la tatu likamgonga. Alikuwa na umri wa miaka 56.

Mashine ile, WonderSwan, ilitoka Machi 1999. Ilitumia betri moja tu. Kanuni ya marehemu ilikuwa bado hai. Mchezo mmoja wake ulipewa jina la Gunpey kwa kumkumbuka. Mwaka 2003 chama cha kimataifa cha wabuni wa michezo ya video kikampa heshima ya kazi ya maisha, miaka sita baada ya kuzikwa.

Wahenga walisema kuteleza si kuanguka. Hata hivyo wako waliompima Yokoi kwa chombo kimoja chekundu kilichokosa wanunuzi, wakasahau miaka thelathini iliyotangulia. Wakati dunia nzima ikihimizwa kununua kipya kila mwaka, na cha jana kikitupwa jalalani kingali kizima, maisha ya fundi huyu yanauliza swali linalomhusu kila mwenye karakana ndogo, awe Mombasa, Lamu au Nairobi: je, kile tulichokitupa kilikwisha kweli, au ni sisi tuliokwishiwa na fikira?