Leo Fender, fundi wa redio aliyetia betri ndani ya gitaa la besi

Gitaa la besi likinyamaza katikati ya wimbo, iwe kanisani Salamabila au kwenye arusi huko Kasongo, macho yote huenda kwenye jenereta. Baadaye hukaguliwa amplifaya, kisha kebo. Wachache hukumbuka kwamba aina nyingi za besi za leo zina betri yake ndogo ya volti 9 mgongoni, na kwamba betri hiyo ikiisha, hakuna jenereta wala sola itakayolirudishia gitaa sauti.

Mmoja wa watu waliochangia kuieneza betri hiyo duniani ni Clarence Leonidas Fender, maarufu kwa jina la Leo, Mmarekani aliyefariki mwaka 1991. Jina lake limeandikwa kwenye maelfu ya magitaa na amplifaya, za asili na za kuiga, mpaka katika masoko ya Congo. Ajabu ni kwamba mtu huyo hakujua kupiga gitaa. Alikuwa fundi wa redio, na maisha yake yanasaidia kueleza kwa nini besi moja inahitaji betri na nyingine haihitaji, na kwa nini betri nyingi hufa kabla ya wakati wake.

Sanduku la vyuma chakavu

Fender alizaliwa tarehe 10 Agosti 1909 huko California, magharibi mwa Marekani. Wazazi wake walikuwa wakulima wa machungwa kati ya miji ya Anaheim na Fullerton. Akiwa na umri wa miaka 8 alipatwa na uvimbe uliomfanya apoteze jicho moja, na tangu hapo aliishi na jicho la kioo.

Alipokuwa bado mwanafunzi, mjomba wake aliyekuwa na karakana ya umeme wa magari alimtumia sanduku lililojaa vipande vya redio za gari vilivyotupwa, pamoja na betri moja. Mwaka uliofuata kijana huyo alimtembelea mjomba wake katika mji wa Santa Maria. Mbele ya karakana aliikuta redio iliyoundwa kwa vipande vya kuokoteza, ikitoa muziki kwa sauti kubwa. Sauti ile haikumtoka moyoni. Akaanza kutengeneza redio nyumbani kwao.

Hata hivyo hakusomea umeme. Alisomea uhasibu, akafanya kazi ya kuhesabu fedha za watu, mpaka mdororo mkubwa wa uchumi wa miaka ya 1930 ulipomwondoa kazini. Mwaka 1938 alikopa dola 600, akafungua duka la kutengeneza redio mjini Fullerton.

Wanamuziki wa mji huo walianza kumletea amplifaya zilizoharibika, na wengine walikodi vipaza sauti alivyoviunda mwenyewe. Hapo ndipo alipopata desturi aliyodumu nayo hadi mwisho: mpigaji anapoeleza kinachomsumbua, fundi anasikiliza, anafungua chombo na kutafuta dawa.

Besi inayobebeka

Miaka ya 1940, mpiga besi alikuwa na shida mbili. Chombo chake, kontrabasi, kilikuwa kikubwa kumzidi yeye mwenyewe, na kukisafirisha ilikuwa adhabu. Zaidi ya hayo, ngoma na magitaa ya umeme vilipopanda sauti, kontrabasi haikusikika tena.

Fender alikuwa amekwisha kuuza gitaa la umeme lenye mwili wa ubao mzima tangu mwaka 1950. Mwaka 1951 alitoa gitaa la besi la umeme aliloliita Precision. Jina hilo linahusu usahihi: shingo ya gitaa ilikuwa na vyuma vya kugawa noti, hivyo kidole kikibonyeza nyuma ya chuma, noti hutoka sawasawa bila kubahatisha. Mwaka 1960 likafuata lingine, Jazz Bass.

Besi hizo mbili hazikuwa na betri, wala hazikuihitaji. Chini ya nyuzi kuna kinasa sauti, ambacho wapigaji wengi huita mikro: sumaku iliyozungushiwa waya mwembamba mara maelfu. Uzi wa chuma ukitetemeka juu ya sumaku, huzaliwa umeme mdogo sana ndani ya waya, nao hupita kwenye kebo hadi kwenye amplifaya. Besi ya namna hii inaweza kukaa miaka 10 ukutani, na siku ikichukuliwa ikalia.

Vyombo hivyo vilibadilisha muziki hata mbali na California. Katika orkestra za Congo, ambazo katika miaka ya 1950 zilitegemea kontrabasi, besi ya umeme ilishika nafasi hiyo katika miaka ya 1960. Rumba ambayo UNESCO iliiandika mwaka 2021 katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika wa binadamu, kwa ombi la Congo zote mbili, kwa sehemu kubwa imerekodiwa juu ya mgongo wa besi ya umeme.

Kuuza jina lake

Mwanzoni mwa miaka ya 1960 Fender aliugua kwa muda mrefu, akaamini kwamba hatapona. Mwaka 1965 aliuza kampuni yake kwa shirika la CBS kwa dola milioni 13. Pamoja na viwanda, aliuza pia jina. Mkataba ulimkataza kushindana na CBS kwa miaka 10.

Baadaye alibadili daktari na akapona. Akajikuta mzima wa afya, tajiri, na bila ruhusa ya kuandika jina lake mwenyewe kwenye gitaa. Muda wa mkataba ulipoisha alijitokeza katika kampuni nyingine, Music Man, iliyoanzishwa na watu waliowahi kufanya kazi kwake, Forrest White na Tom Walker.

Betri inaingia

Mwaka 1976 Music Man ilitoa besi ya StingRay. Haikuwa ya kwanza kabisa duniani kutumia betri, kwa kuwa mafundi wachache walikwisha kujaribu. Lakini ilikuwa kati ya za kwanza kutengenezwa kwa wingi kiwandani, na ndiyo iliyowazoesha wapigaji wengi.

Sababu ya kuweka betri ilikuwa hii. Umeme unaotoka kwenye kinasa sauti ni dhaifu, na kebo ikiwa ndefu hupoteza sauti za juu njiani, besi ikasikika kama imefunikwa blanketi. Ndani ya StingRay kuliwekwa kikuza sauti kidogo, chenye ukubwa wa kutosha kukaa chini ya vifungo vya kurekebishia. Kikuza sauti hicho huupa umeme nguvu kabla haujaingia kwenye kebo. Mpigaji aliweza pia kuongeza sauti nzito au nyembamba kwa vidole vyake, bila kwenda kwenye amplifaya. Wapigaji waliipenda sauti hiyo kwa ukali na usafi wake.

Gharama yake ilikuwa utegemezi. Kikuza sauti kinakula umeme, na umeme huo hutoka kwenye betri ya volti 9. Katika besi kama StingRay, sauti yote hupita ndani ya kikuza sauti hicho. Betri ikifa, besi nayo inanyamaza.

Hesabu inayowaponyoka wengi

Gitaa la namna hii kwa kawaida halina kifungo cha kuwasha na kuzima. Swichi imefichwa katika tundu la kebo. Kebo ikiingia, chuma chake huunganisha njia ya betri, na kikuza sauti kinaanza kula. Kebo ikitoka, njia inakatika. Kuzima amplifaya hakusaidii chochote, wala kushusha sauti hadi sifuri. Maadamu kebo iko ndani ya gitaa, betri inaliwa, hata kama kanisa limefungwa na watu wote wamekwenda nyumbani.

Hesabu yake ni rahisi. Betri nzuri ya alkalini ya volti 9 hubeba takribani miliamperi-saa 500. Kikuza sauti kinachokula miliamperi 1 kinaweza kuitumia kwa saa karibu 500. Kwaya inayopiga saa 5 kwa juma, kati ya mazoezi na ibada, itafikisha zaidi ya mwaka mmoja. Lakini kebo ikiachwa imechomekwa usiku na mchana, saa 500 ni siku 21 tu. Na kama kikuza sauti kinakula miliamperi 5, betri ile ile itakwisha kwa siku 4.

Tofauti hiyo ina uzito katika mji kama Salamabila, ambako dhahabu ya Namoya huchimbwa lakini bidhaa nyingi za dukani hufika kutoka mbali kwa barabara ngumu. Mawe ya redio na ya tochi huonekana kila mahali. Betri ya mraba ya volti 9 si rahisi kuipata Jumapili asubuhi.

Betri haifi ghafla bila dalili. Kwanza sauti hupungua nguvu, halafu noti nzito huanza kukwaruza, hasa uzi unapopigwa kwa nguvu, kisha sauti hukatikakatika. Kwa kipimo cha fundi wa umeme, betri mpya ya alkalini huonyesha zaidi kidogo ya volti 9. Ikishuka hadi karibu volti 8, ni wakati wa kutafuta nyingine. Ndani yake mna seli 6 ndogo za volti 1.5 kila moja, na moja ikichoka huzidhoofisha zote.

Betri za bei ya chini za zinki na kaboni hubeba umeme mdogo zaidi, na zikisahaulika ndani ya gitaa huweza kuvuja maji yanayokula vyuma vya kuunganishia. Gitaa litakalokaa miezi bila kupigwa ni heri litolewe betri. Betri za kuchajiwa zipo pia, na kwa mwenye sola ni msaada, ingawa nyingi hudumu saa chache zaidi kwa chaji moja. Besi zenye betri mbili za volti 9 zilizofungwa kwa kufuatana hupata volti 18, yaani nafasi ya kupiga kwa nguvu bila kukwaruza. Muda wa betri hauwi mara mbili kwa sababu hiyo, na siku ya kubadilisha hununuliwa mbili.

Swichi ya mzee

Fender hakukaa sana Music Man. Baada ya kutofautiana na wenzake, aliungana na rafiki yake wa miaka mingi, George Fullerton, wakaanzisha kampuni ya G&L, herufi za majina yao mawili. Mwaka 1980 walitoa besi ya L-2000.

Besi hiyo ilikuwa na betri na kikuza sauti kama StingRay, lakini iliongezewa swichi ndogo. Ikisukumwa upande mmoja, sauti hupita kwenye kikuza sauti. Upande mwingine, hukipita kando na kwenda moja kwa moja kwenye kebo, kama katika Precision ya mwaka 1951. Betri ikifa katikati ya wimbo, mpigaji husukuma swichi na kuendelea. Sauti hubadilika kidogo, lakini besi haipotei.

Besi nyingi za leo zina swichi kama hiyo, nyingine hazina. Kwa anayenunua gitaa la besi kwa ajili ya mahali ambako betri ni shida, hilo ni swali la kumuuliza muuzaji kabla ya kuuliza rangi: bila betri, linalia au halilii? Jibu hupatikana hapo hapo dukani, kwa kuitoa betri, kuchomeka kebo na kupiga uzi mmoja.

Miaka yake ya mwisho Fender aliugua ugonjwa wa Parkinson, unaotetemesha mikono, lakini aliendelea kwenda karakanani. Alifariki tarehe 21 Machi 1991 mjini Fullerton, akiwa na umri wa miaka 81. Mwaka uliofuata jina lake liliingizwa katika jumba la heshima la muziki wa rock nchini Marekani, yeye ambaye hakuwahi kujifunza kupiga gitaa.