Benito Juárez na Lugha za Toni za Milima ya Oaxaca: Maisha ya Mzapoteki Aliyetawala kwa Kihispania

1.0 Utangulizi

Maisha ya Benito Juárez, aliyekuwa rais wa Meksiko tangu 1858 hadi alipofariki mwaka 1872, yamesimuliwa mara nyingi. Katika masimulizi hayo aghalabu tunaonyeshwa yatima wa Kizapoteki, mchunga kondoo asiyejua Kihispania, ambaye kwa bidii zake mwenyewe anafika ikulu na kuwashinda Wafaransa. Masimulizi hayo ni ya kweli. Hata hivyo, kwa mwanaisimu yana pengo moja: lugha ya kwanza ya Juárez hutajwa mwanzoni kama kikwazo, kisha haitajwi tena.

Makala haya yanakusudia kuyapitia maisha hayo kwa kuifuata lugha hiyo. Hoja yetu ni kwamba si chuki dhidi ya jamii yake iliyomfanya Juárez aiache lugha hiyo nje ya dola aliyoijenga. Sababu ni namna alivyouelewa usawa: watu wote kuwa chini ya sheria moja. Sheria hiyo moja ilikuwa pia na lugha moja.

2.0 Guelatao na Lugha za Eneo Lake

Juárez alizaliwa tarehe 21 Machi 1806 katika kijiji cha San Pablo Guelatao, kwenye milima iliyo kaskazini mwa mji wa Oaxaca. Kwa maelezo yake mwenyewe, kijiji hicho kilikuwa na familia zipatazo ishirini tu. Wazazi wake, Marcelino Juárez na Brígida García, walifariki kabla hajafikisha umri wa miaka minne. Alilelewa na babu na bibi yake, na baadaye na Bernardino Juárez, ndugu wa baba yake.

Lugha ya kijiji ilikuwa Kizapoteki cha milimani. Katika vijiji vingine vya wilaya hiyohiyo ya Ixtlán, kama vile Comaltepec, Yolox na Quiotepec, kilizungumzwa na bado kinazungumzwa Kichinanteki. Lugha zote mbili ni za familia ya Oto-Mange, na zote ni lugha za toni. Kidatu cha silabi hutofautisha maana ya maneno, na pia hubeba kazi za kisarufi. Katika Kichinanteki hasa, badiliko la toni na la mkazo katika kitenzi linaweza kuonyesha nafsi ya mtendaji na hali ya tendo, kazi ambazo sisi tunaotumia Kiswahili tumezoea kuzipa viambishi. Kichinanteki cha Usila kimejulikana miongoni mwa wataalamu kwa kuwa na toni bapa za viwango vitano. Huko Sochiapam, toni zinabeba mzigo mkubwa wa maana kiasi kwamba wanaume wameweza kuzungumza kwa mbinja kutoka mlima mmoja hadi mwingine.

Lugha hizi hazikuwa ngeni kwa maandishi. Wazapoteki wa kale waliandika kwa alama katika mji wa Monte Albán yapata miaka 500 kabla ya Kristo. Baada ya Wahispania kuvamia, mtawa Juan de Córdova alichapisha sarufi na msamiati wa Kizapoteki mwaka 1578, na mafundisho ya dini kwa Kichinanteki yalichapishwa na Nicolás de la Barreda mwaka 1730. Vijiji vya Kizapoteki vilitunza wasia, mikataba ya ardhi na kumbukumbu za mabaraza katika lugha yao kwa hati za Kilatini. Hati hizo kwa kawaida hazikuonyesha toni, lakini mahakama za kikoloni zilizipokea. Hali ilianza kubadilika mwaka 1770, Mfalme Carlos wa Tatu alipoamuru Kihispania kienezwe na lugha za wenyeji zikomeshwe. Kwa hiyo Juárez alizaliwa katika kizazi ambacho uandishi wa Kizapoteki ulikuwa unafifia, ingawa Kihispania kilikuwa bado hakijaingia majumbani.

3.0 Njia ya Kwenda Mjini

Katika kumbukumbu alizowaandikia watoto wake, Juárez anaeleza kwamba Guelatao haikuwa na shule, na Kihispania kilikuwa nadra kusikika. Mzazi aliyetaka mtoto wake asome alipaswa kulipia malazi mjini au kumtoa akawe mtumishi katika nyumba ya tajiri. Baba yake mdogo alijua kusoma, akamfundisha mara mojamoja alipopata nafasi. Mtoto alikuwa na hamu kiasi kwamba alipeleka mjeledi mwenyewe ili aadhibiwe asipojua somo. Tarehe 17 Desemba 1818, akiwa na umri wa miaka 12, alitoroka na kutembea kiasi cha kilomita 60 hadi mji wa Oaxaca, ambako dada yake alikuwa mpishi katika nyumba ya Antonio Maza.

Muda si mrefu alipokelewa na Antonio Salanueva, fundi wa kujalidi vitabu na mtu wa dini, aliyempeleka shule. Huko alikutana na jambo ambalo walimu wa lugha hatuna budi kulizingatia. Watoto wa wenye nafasi walifundishwa na mwalimu mkuu katika chumba chao. Watoto maskini, wakiwemo wenyeji wa asili, waliachiwa msaidizi wake. Sarufi ya Kihispania haikufundishwa. Juárez aliandika kurasa zenye makosa, na badala ya kuelezwa makosa hayo aliadhibiwa. Akaacha shule hiyo na kujifunza peke yake. Mtoto aliyetoka nyumbani na sikio lililokwisha kuzoea kutofautisha viwango vya kidatu alihesabiwa kuwa hajui lugha.

Mwaka 1821 aliingia seminari. Salanueva alitaka awe padri, na hapo Kizapoteki kilijitokeza kwa mara ya kwanza na ya mwisho kama sifa yenye thamani katika maisha yake rasmi. Kwa kawaida mtu aliyetaka upadri alitakiwa kuonyesha mali ya kumkimu. Mwenyeji aliyejua lugha ya vijiji alisamehewa sharti hilo, kwa sababu Kanisa lilihitaji mapadri wa kuzungumza na waumini. Lugha ya mama ingaliweza kumpatia kazi na heshima, lakini katika parokia ya kijijini tu. Juárez hakuipenda njia hiyo. Mwaka 1828 alihamia Taasisi ya Sayansi na Sanaa, chuo kipya cha serikali ya jimbo, akasoma sheria. Alipoacha upadri aliacha pia taaluma pekee ambayo Kizapoteki kilikuwa na nafasi ndani yake.

4.0 Wakili na Gavana

Alipata idhini ya uwakili mwaka 1834. Mwaka huohuo aliwatetea wanakijiji wa Loxicha waliomlalamikia padri wao kwa kuwatoza ada kubwa. Utetezi huo ulimtia gerezani kwa siku kadhaa. Mkasa huo unaonyesha kwamba Juárez aliwajua wanyonge wa vijijini na alikuwa tayari kuumia kwa ajili yao. Unaonyesha pia somo alilolipata: mahakama maalumu za Kanisa na jeshi zilikuwa kinga ya wenye nguvu. Tangu hapo aliona kila haki ya kipekee kuwa mlango wa dhuluma.

Mwaka 1843 alimwoa Margarita Maza, aliyelelewa katika nyumba ileile ambamo dada yake alikuwa mpishi. Kuanzia 1847 hadi 1852 alikuwa gavana wa Oaxaca. Alihimiza kufunguliwa kwa shule vijijini, za wasichana pia, na lugha ya kufundishia ilikuwa Kihispania.

Katika kipindi hichohicho ulitokea mgogoro wa Juchitán, mji wa Wazapoteki wa kusini mashariki mwa jimbo. Wakazi waliyadai mabwawa ya chumvi waliyoyatumia tangu zamani, ambayo sasa yalikuwa yamemilikishwa watu binafsi. Mwaka 1850 gavana alipeleka askari, na sehemu ya mji iliteketea kwa moto. Juárez aliwahesabu waasi hao kuwa watu waliokaidi sheria. Ni kweli kwamba Kizapoteki cha Juchitán na kile cha Guelatao havielewani. Jina moja limefunika lugha nyingi. Lakini gavana hakulizungumzia suala hilo kama Mzapoteki hata kidogo. Alilizungumzia kama msimamizi wa sheria ya umiliki.

5.0 Sheria Moja kwa Wote

Dikteta Santa Anna alimfukuza nchini mwaka 1853. Juárez aliishi New Orleans, akijipatia riziki kwa kusokota sigara. Aliporejea mwaka 1855 akawa waziri wa sheria, na sheria iliyopewa jina lake ikaziondolea mahakama za Kanisa na jeshi mamlaka juu ya kesi za kiraia. Mwaka 1856 ilifuata sheria ya Miguel Lerdo de Tejada, iliyozilazimisha taasisi kuachilia ardhi zisizozitumia moja kwa moja, na Katiba ya 1857 ikaitilia nguvu. Mlengwa mkuu alikuwa Kanisa. Hata hivyo vijiji navyo vilihesabiwa kuwa taasisi, na ardhi nyingi ya pamoja ikaanza kugawanywa na kuuzwa. Katiba hiyo haikutaja lugha za wenyeji.

Ili kuuelewa msimamo huu yatupasa kukumbuka hali ya wakati wa ukoloni. Wenyeji walikuwa na mabaraza yao, mahakama yao na kumbukumbu katika lugha zao. Lakini walikuwa pia na kodi yao ya unyonge na vizuizi vyao. Kwa kijana aliyezaliwa 1806, kutambuliwa kuwa tofauti na kuwekwa chini vilikuwa kitu kimoja. Juárez na wenzake walipoifuta tofauti hiyo waliamini wanafuta unyonge. Hawakuona kwamba lugha na ardhi ya pamoja vilikuwa ndani ya kile kilichofutwa.

6.0 Kaisari Mgeni na Rais Mwenyeji

Juárez alikuwa rais Januari 1858, katikati ya mapinduzi ya wahafidhina, na akaiendesha serikali yake kutoka Veracruz hadi ushindi ulipopatikana. Mwaka 1861 alisimamisha malipo ya madeni ya nje. Ufaransa ikavamia, na ingawa ilishindwa huko Puebla tarehe 5 Mei 1862, mwaka uliofuata iliuteka mji mkuu. Juárez akahamia kaskazini hadi Paso del Norte, mji ambao tangu 1888 unaitwa Ciudad Juárez. Wafaransa wakamweka Maximilian wa Austria kuwa kaisari.

Hapa pana kinaya kikubwa kwa mwanafunzi wa sera ya lugha. Maximilian aliunda kamati ya kusikiliza malalamiko ya maskini, iliyoongozwa na msomi wa Kinahuatl, Faustino Galicia Chimalpopoca. Baadhi ya amri za kaisari kuhusu ardhi ya vijiji zilichapishwa kwa Kihispania na Kinahuatl. Mtawala mgeni, aliyeletwa na majeshi ya nje, alitoa sheria katika lugha ya wenyeji. Rais mwenyeji, aliyezaliwa katika lugha ya wenyeji, alitoa zake kwa Kihispania. Haifai kumsifu Maximilian kupita kiasi, kwani alihitaji kuungwa mkono na vijiji. Wala haifai kudhani kwamba tafsiri peke yake iliwavuta wenyeji wote: wapiganaji wa Juchitán, mji uleule ulioungua mwaka 1850, waliyashinda majeshi ya kaisari mwezi Septemba 1866.

Maximilian aliuawa kwa kupigwa risasi huko Querétaro tarehe 19 Juni 1867, na Juárez akarejea mji mkuu mwezi uliofuata. Desemba mwaka huo ilitolewa sheria ya elimu kwa ajili ya mji mkuu na eneo lake, iliyofanya elimu ya msingi kuwa ya lazima, na bure kwa maskini. Katika shule mpya ya maandalizi ya vyuo zilifundishwa Kifaransa, Kiingereza na Kijerumani. Kizapoteki hakikupata nafasi. Mwaka 1868 wakulima wa Chalco waliodai ardhi walizimwa na jeshi, na kiongozi wao, Julio López, akauawa. Juárez alifariki kwa maradhi ya moyo tarehe 18 Julai 1872, akiwa bado madarakani.

7.0 Hitimisho

Juárez aliacha barua, hotuba, sheria na kumbukumbu, zote kwa Kihispania. Dola aliyoijenga ilimfungulia njia mwenyeji mmojammoja aliyekubali kuvuka mpaka wa lugha, lakini haikuwa na nafasi kwa jamii iliyobaki upande wa pili. Ilichukua zaidi ya miaka 130 tangu kifo chake kwa sheria ya Meksiko, iliyotolewa mwaka 2003, kuzitambua lugha za wenyeji kuwa lugha za taifa sawa na Kihispania katika maeneo zinamozungumzwa. Sensa ya 2020 ilihesabu wazungumzaji wapatao 490,000 wa Kizapoteki na zaidi ya 140,000 wa Kichinanteki.

Kwa watafiti wa sera ya lugha, maisha haya yanatoa onyo ambalo halihusu Meksiko peke yake. Kiongozi anaweza kuwapenda watu wake, akawatetea mahakamani, akawajengea shule, na bado akawapa usawa ambao hawawezi kuupokea ila kwa kuiacha nyumbani lugha yao. Kwa hiyo tunapopima sera ya lugha haitoshi kuuliza kiongozi alizaliwa katika lugha gani. Yatupasa kuuliza mwananchi wa kawaida anaweza kudai haki yake kwa lugha gani, na mbele ya nani.