Mobutu na ufunguo wa Benki

Kwa soko ya Birere, mtu akikosa feza anasema hana makuta. Vijana wengi wanaosema hivyo hawajashika likuta hata moja. Jina hilo lilienea inchi nzima mwaka 1967, wakati Mobutu alileta feza mpya, na limeishi kuliko feza yenyewe na kuliko Mobutu. Tangu benki za Goma zilifunga milango mwisho wa Januari 2025, noti zikawa chache na kuanza kupasuka mikononi, habari za wakati wa zaire zimerudi: nani alikuwa anashika ufunguo wa Benki, na alifanya nini nao.

Joseph-Désiré Mobutu alizaliwa Lisala, kando ya mto Congo, tarehe 14 Oktoba 1930. Baba yake, mpishi, alikufa mtoto akiwa na miaka nane. Alibaki na mama yake, yule inchi nzima ilikuja kumujua kama Mama Yemo. Aliingia jeshi la Wabeleji, Force Publique, kisha akawa mwandishi wa gazeti L'Avenir kule Léopoldville. Ndiyo, alikuwa mwandishi wa habari, hata kama wenye kazi hiyo leo hawapendi sana kumutaja.

Tarehe 14 Septemba 1960, akiwa mkubwa wa jeshi, aliweka wanasiasa pembeni na kukabizi serkali kwa vijana waliosoma. Kati yao kulikuwa Albert Ndele, mtu wa mambo ya feza. Wakati huo Congo haikuwa na Benki Kuu yake. Ile ya Wabeleji ilikuwa moja kwa Congo na Ruanda-Urundi. Benki ya Taifa iliundwa na sheria ya tarehe 23 Februari 1961, ikafungua kazi Juni 1964, na Ndele akawa gavana wa kwanza. Yeye na Mobutu walikuwa marafiki, wa kikundi kilichoitwa cha Binza.

Mobutu alikamata utawala tarehe 24 Novemba 1965. Miaka miwili haijaisha, 24 Juni 1967, faranga ikatoka na zaire ikaingia. Zaire moja ilichukua pahali pa faranga 1.000, na ilikuwa na bei ya dola mbili za Marekani. Lazima kusema ukweli: kazi hiyo ilifanywa vizuri, na kwa miaka kadhaa zaire iliheshimiwa. Lakini mwaka 1970 Ndele alitolewa kwa Benki.

Kwa karatasi Benki ilikuwa na sheria yake. Kwa kweli, neno la raisi lilitosha. Serkali ikikosa feza za kulipa, Benki inaikopesha, yaani inatoa noti. Kama noti kwa soko zinaongezeka mara mbili na magunia ya maharagi kutoka Masisi yanabaki yaleyale, bei inapanda tu, hakuna uchawi. Mwaka 1973 biashara za wageni zilikamatwa na kugawiwa, mwaka uliofuata bei ya shaba ilianza kuanguka, na deni likapanda.

Wakopeshaji walikataa kuendelea bila mtu wao ndani ya Benki. Ndiyo sababu Agosti 1978 alikuja Erwin Blumenthal, Mjerumani. Alikuwa ameshafanya kazi Afrika: mwaka 1963 aliandikia Tanganyika ripoti juu ya kuunda benki kuu. Alitoka Bundesbank, benki ambayo kwa sheria ya 1957 serkali ya Bonn haiwezi kuipa amri, maana Wajerumani hawakusahau mwaka 1923, wakati noti zao zilikuwa bure kabisa. Kinshasa alikuta kitu kingine. Alikatia mikopo watu na kampuni za wakubwa, pamoja na za Litho, mjomba wa Mobutu. Askari walikuja Benki na bunduki kudai feza za kigeni. Baada ya karibu mwaka mmoja akaondoka, na mwaka 1982 ripoti yake ikaonya wakopeshaji kwamba hawatarudishiwa, kwa sababu inchi na mfuko wa raisi havikutofautiana. Waliisoma, wakaendelea kukopesha. Vita baridi ilikuwa na hesabu yake.

Mwisho wa Desemba 1979, Mobutu alitangaza noti za zaire 5 na 10 zimekufa. Mipaka ilifungwa, siku za kubadilisha zilikuwa chache, na kila mtu alikuwa na kiasi chake tu. Wakubwa wa Kinshasa walijua njia. Mkulima wa kahawa aliyeweka akiba ndani ya nyumba, mbali na benki yoyote, alibaki na karatasi.

Kisha vyama vingi vilikuja, na Mobutu na Étienne Tshisekedi wakagombana juu ya nani ataamuru Benki. Mwisho wa 1992 ilitoka noti ya zaire milioni 5. Tshisekedi, waziri mkuu, aliikataza. Mobutu alilipa askari kwa noti hiyo. Wachuuzi walipoikataa, askari walipora Kinshasa tarehe 28 Januari 1993, watu wengi wakafa, hata balozi wa Ufaransa. Oktoba mwaka uleule ilikuja zaire mpya, moja kwa milioni 3 za zamani. Kasai iliikataa, ikabaki na noti zake za zamani na bei zikatulia kule kuliko pengine. Inchi yote ingine, mwaka 1994, iliona bei zikipanda zaidi ya asilimia 9.000.

Mobutu alikuwa mgonjwa wa prostate, na noti kubwa za mwisho watu walizipa jina hilo la ugonjwa wake. Goma ilianguka mikononi mwa AFDL Novemba 1996. Yeye alikimbia Kinshasa tarehe 16 Mei 1997, akafia Rabat, Moroko, tarehe 7 Septemba. Zaire yake iliendelea kutembea kwa soko, na tarehe 30 Juni 1998 faranga ilirudi: moja kwa zaire mpya 100.000.

Katiba ya 2006, kifungu cha 176, inasema Benki Kuu iko huru. Gavana wake angali anatajwa na raisi. Mobutu amezikwa kulekule Rabat, kwa makaburi ya Wakristo.