Maisha ya Shaaban Robert, Karani na Mwandishi

Magharibi ya Wawi, ng'ambo ya mkondo wa Pemba, iko pwani ya Tanga. Huko, katika kijiji cha Vibambani, Shaaban Robert alizaliwa tarehe 1 Januari 1909.

Alisoma Dar es Salaam tangu 1922 hata 1926, kisha akaingia forodhani kuwa karani. Kazi hiyo aliishika miaka 18, akihamishwa huku na huku. Pangani ilikuwa kituo kimojawapo. Baadaye alitumika katika idara ya wanyama, katika ofisi ya wilaya ya Tanga, na mwisho katika idara ya upimaji wa ardhi. Mchana aliandika hesabu za serikali. Vitabu vyake vilipata saa zilizobaki, nazo hazikuwa nyingi. Mkewe Amina alipofariki alimtungia shairi la maombolezo, na watoto wake aliwatungia tenzi za kuwaonya.

Mwaka 1951 kilitoka kitabu chake Kusadikika, nacho chataka kusomwa polepole. Kusadikika ni nchi iliyo hewani. Karama, mtu anayetaka watu wafundishwe elimu ya sheria, ashtakiwa na waziri Majivuno mbele ya mfalme. Naye hajitetei kwa machozi. Asimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande zote, hata mbinguni na ardhini, wakarudi na maarifa ya kuifaa nchi yao, wakalipwa kifungo. Mfalme asikia, na Karama apona. Mwandishi wakati huo alikuwa akila mshahara wa serikali ya kikoloni. Kama angaliyanena hayo waziwazi barazani, sidhani angaliachwa katika kiti chake; lakini nani amshtaki mtu kwa habari za nchi ya hewani?

Aliandika pia insha, na wasifu wa Siti binti Saad, mwimbaji wa Unguja. Tena, ingawa alikuwa Mwislamu, alipewa tuzo ya ukumbusho wa Margaret Wrong, bibi aliyeshughulikia vitabu vya Kikristo kwa Afrika. Waliotoa tuzo hiyo walitazama kazi, wakafanya vema.

Tanganyika ilipata uhuru Desemba 1961. Yeye akafa Juni 1962. Maandiko mengi aliyaacha hayajapigwa chapa. Kufikirika kilitoka 1967, na Utubora Mkulima 1968, mwenyewe akiwa amekwisha kuzikwa.